SOMO LA MAPISHI NA LISHE: WALI MTAMU WA TUI LA KARANGA NA MAEMBE



Katika masomo yetu ya lishe tumezoea kuzungumza juu ya uji wa watoto, maharage na mboga za majani. Safari hii tunaomba ruhusa ya kuzungumzia kitu kitamu. Si anasa tupu. Chakula hiki kina mchele, karanga na embe bivu, na mtoto aliyechoshwa na uji ule ule kila siku huenda akakikubali. Lakini kina hatari zake, na hatari hizo ndizo zilizotufanya tuandike somo zima badala ya kuwaachia majirani waambiane mapishi juu juu.

Wengi wenu mnaijua pwani ya Burundi ya Ziwa Tanganyika. Wengine mlizaliwa Rumonge, Minago, Kigwena au Nyanza-Lac. Wengine mlivuka ziwa kutoka Fizi na Baraka, mkapitia huko. Basi mnajua kwamba karibu kila kinachohitajika kwa chakula hiki kilionekana katika soko la Rumonge: mchele wa bonde la Imbo, karanga, ndizi mbivu, nanasi, na maembe yanapofika majira yake. Kilichokuwa adimu ni nazi. Pwani ile michikichi ndiyo iliyotawala, na mtu wa Rumonge ukimwambia "mafuta" anafikiria mawese kwanza.

CHAKULA HIKI KINATOKA WAPI

Katika nchi ya Thailand, huko Asia, watu wana chakula kitamu cha mchele na embe wanachokipenda sana wakati wa maembe, hasa mwezi Aprili na Mei. Wanatumia mchele wa aina ya pekee unaonata. Huuloweka kwa muda mrefu, kisha huupika kwa mvuke katika kikapu cha mianzi, si kwa kuuchemsha majini. Unapoiva huchanganywa ungali moto na tui la nazi lenye sukari na chumvi kidogo, hufunikwa mpaka unywe tui lote, ndipo huliwa pamoja na vipande vya embe bivu. Juu yake humwagiwa tui zito kidogo, na wengine hunyunyizia choroko zilizokaangwa bila mafuta. (Huko nako wako wakimbizi. Watu waliotoka Burma, nchi ambayo sasa huitwa Myanmar, walianza kuishi katika kambi za mpakani mwaka 1984.)

Mswahili akisikia habari hiyo hashangai sana. Wali wa nazi, vitumbua na mkate wa kumimina vyote ni mchele, tui na, katika hivyo viwili vya mwisho, sukari. Upishi huo wa pwani ya bahari ulisafiri pamoja na misafara ya biashara iliyofika Ujiji katika karne ya 19, na kutoka huko watu na lugha wakaenea kandokando ya ziwa mpaka Rumonge na mpaka mtaa wa Buyenzi, Bujumbura. Mahali ambapo nazi haipatikani, wapishi wa nchi zetu hutumia karanga. Uji wa mchele wenye karanga unajulikana Tanzania na Kongo pia. Sisi tunachukua njia hiyo hiyo: tui la karanga mahali pa tui la nazi. Ladha haitakuwa sawa na ya Thailand, na hatuoni sababu ya kulilia hilo.

KWA NINI MCHELE WETU HAUNATI

Mchele wote una wanga, na wanga huo ni wa aina mbili. Aina moja, ambayo wataalamu huiita amilosi, huzifanya punje za wali ziachane. Aina ya pili huzifanya zishikamane. Ule mchele wa Thailand karibu hauna amilosi kabisa, ndiyo maana unashikana kama ugali mlaini hata ukipikwa kwa mvuke tu. Mchele wa Imbo na ule unaouzwa katika masoko yetu unazo aina zote mbili, na mama zetu wametufundisha kuupika uachane, punje hii isiguse ile.

Kwa chakula hiki, sahau mafunzo hayo kwa siku moja. Unataka wali laini unaoshikana. Usiukaange mchele kwanza. Tumia mchele mpya kama unaupata, kwa sababu mchele uliokaa ghalani muda mrefu hukauka na kuachana zaidi. Na hapa kuna habari njema kwa mwenye fedha kidogo: chenga, yaani mchele uliovunjika, ndizo zinazofaa kuliko mchele mzima. Huiva upesi, hushikana vizuri, na bei yake sokoni huwa chini.

Tunajua kwamba mara nyingi mgawo ni unga wa mahindi, maharage au kunde, mafuta na chumvi, na mchele haumo. Tunajua pia jinsi mchele unavyopatikana: kwa kubadilisha sehemu ya mgawo. Hatuwezi kukuzuia, lakini tunakuomba usitoe mafuta na maharage ya mtoto kwa ajili ya chakula kitamu cha siku moja. Kikombe kimoja cha chenga kinatosha watoto wanne. Anza na hicho.

VITU VINAVYOHITAJIKA

Kwa watu wanane, wakiwamo watoto: mchele au chenga vikombe 2, karanga kavu zilizomenywa kikombe 1, sukari vijiko vya chakula 4, chumvi kijiko cha chai 1, maembe mabivu makubwa 3 au madogo 6. Kikombe ni kile cha chai, mradi utumie kile kile kwa vitu vyote. Ukipika nusu, gawa kila kitu kwa mbili.

Embe likiwa limeiva vizuri unaweza kupunguza sukari ikawa vijiko 2. Tunakushauri ufanye hivyo, kwa ajili ya meno ya watoto na kwa ajili ya mfuko wako. Chumvi usiiache hata kama unaona ajabu kuitia katika kitu kitamu. Bila chumvi, tui la karanga hupooza mdomoni.

Kuhusu karanga tunataka usimame kidogo. Karanga zilizohifadhiwa zikiwa na unyevu huota kuvu, na baadhi ya kuvu hutoa sumu inayoharibu ini. Watu huiita sumukuvu. Sumu hii haifi kwa kukaangwa wala kwa kuchemshwa, kwa hiyo usijipe moyo kwamba "moto utaua." Mwaka 2004 watu 125 walikufa nchini Kenya kwa kula mahindi yenye sumu hiyo, na mwaka 2016 watu wapatao 20 walikufa katika mikoa ya Dodoma na Manyara, Tanzania. Karanga hushambuliwa kama mahindi. Zimwage katika ungo penye mwanga, zichambue moja moja. Zilizokunjamana, zilizobadilika rangi, zilizotoboka na zile zenye vumbi la kijani au jeusi, tupa. Usimpe kuku, na wala usiziweke kando kwa ajili ya mboga. Ukionja moja ikawa chungu, iteme. Karanga zilizokwisha sagwa zinazouzwa kwa vijiko sokoni ni rahisi kutumia, lakini huwezi kujua zilivyokuwa kabla ya kusagwa. Ni afadhali ununue punje utwange mwenyewe.

KUPIKA

Osha mchele, uloweke katika maji safi kwa muda wa saa mbili hivi. Chenga zinahitaji nusu ya muda huo. Kuloweka kunapunguza kuni, na kila mama anayesoma hapa anajua fungu la kuni limetoka wapi na njiani kuna nini. Usiloweke usiku kucha wakati wa joto, maji yatachacha.

Wakati mchele unalowa, kaanga karanga bila mafuta kwa moto mdogo, ukikoroga, mpaka maganda yake mekundu yaanze kuachia. Zikipoa, zisugue kwa viganja na kupepeta. Weka kando kiganja kimoja cha kunyunyizia mwishoni. Zilizobaki zitwange mpaka ziwe laini kabisa na zianze kutoa mafuta. Tia katika bakuli, mimina vikombe 3 vya maji ya moto yaliyochemka, vuruga vizuri, kisha chuja kwa kitambaa safi au chujio na kukamua. Hilo ndilo tui. Machicha yake usiyatupe. Yatie katika sombe au mboga nyingine siku hiyo hiyo.

Chemsha tui kwa moto mdogo dakika 10, ukikoroga wakati wote. Usigeuze shingo kuzungumza na jirani, maana tui la karanga hufura ghafla kama maziwa na kumwagika, na likishika chini linanuka moshi mpaka mwisho. Likiisha kuwa zito kidogo, gawa mafungu mawili. Fungu kubwa tia sukari yote na nusu ya chumvi. Fungu dogo usitie sukari, tia chumvi chembe tu. Funika yote mawili, uyaweke karibu na moto yasipoe.

Sasa mwaga maji uliyolowekea mchele. Chemsha vikombe 3 na nusu vya maji, tia mchele na chumvi iliyobaki, funika, punguza moto. Wali ukiwa umeiva na umelainika, na maji yamekauka, epua. Mimina juu yake lile tui lenye sukari lingali moto, koroga kwa mwiko taratibu, funika kabisa, acha dakika 20. Mwanzoni utaona tui limezidi na utadhani umeharibu. Subiri. Wali utalinywa. Lakini ukimimina tui lililopoa juu ya wali uliopoa, vitabaki kila kimoja peke yake, na hakuna dawa ya hapo.

Wenye shida ya kuni wanaweza kutumia kikapu cha joto. Tandika kikapu au boksi kwa migomba mikavu na blanketi kuukuu. Sufuria ya mchele ikishatokota dakika 5, iepue na mfuniko wake, itie humo, ifunike kila upande, usiifungue kwa dakika 40. Mchele uliolowekwa utaiva wenyewe. Ukifungua, mvuke lazima utoke. Kama hautoki, irudishe motoni.

Pakua wali, weka vipande vya embe kando, mwagia kijiko cha tui lisilo na sukari, nyunyizia karanga ulizobakiza ukiwa umezipondaponda. Maembe madogo yenye nyuzi hayakatiki vizuri. Yamenye, yakamue kwa mikono iliyooshwa kupitia chujio, upate rojo la kumwagia juu ya wali. Watoto hulipenda kuliko vipande.

Mawese je? Swali hili lazima litaulizwa na watu wa Rumonge. Kijiko kimoja cha chai cha mawese mekundu katika tui hutia rangi nzuri na vitamini A, lakini harufu yake si kila mtu ataikubali katika kitu kitamu. Kama unatia, tia mekundu kama yalivyo. Mawese yaliyochomwa motoni mpaka yakawa meupe yamekwisha kupoteza vitamini hiyo.

KWA WATOTO

Embe bivu lenye nyama ya rangi ya chungwa ni chanzo kizuri cha vitamini A, ambayo hulinda macho na kuusaidia mwili kupambana na magonjwa. Mtoto anayeikosa kwa muda mrefu huanza kujikwaa jioni, haoni vizuri giza linapoingia. Mwili huitumia vitamini hiyo vizuri zaidi ikiliwa pamoja na mafuta, na mafuta yapo katika karanga. Kwa hiyo mchanganyiko huu una faida kuliko embe peke yake, na kuliko wali mtupu.

Mtoto ambaye hajatimiza miezi 6 asipewe. Yeye chakula chake ni maziwa ya mama tu. Aliyetimiza miezi 6 anaweza kupewa ukiwa umepondwa laini, bila zile karanga za juu, kwa sababu punje na vipande vya karanga humpalia mtoto mdogo. Mara ya kwanza mpe kijiko kimoja, umtazame. Wako watu wachache ambao karanga huwadhuru: midomo huvimba, ngozi huwasha, pumzi hubana. Ukiona hivyo, peleka mtoto zahanati mara moja, usingoje asubuhi.

MAJI, KISU NA EMBE

Pwani ya Ziwa Tanganyika imesumbuliwa na kipindupindu mara nyingi tangu mwishoni mwa miaka ya 1970, na Rumonge ni mojawapo ya mahali ambapo ugonjwa huo hurudi. Wengine wenu mnakumbuka Kagunga, mwezi Mei 2015, wakati maelfu ya watu waliotoka Burundi walipokuwa wakingoja ufukweni meli ya Liemba iwapeleke Kigoma. Maji safi hayakutosha, vyoo havikutosha, na zaidi ya watu 30 walikufa kwa kipindupindu katika siku chache.

Embe linahusikaje? Wali na tui vimechemka, vijidudu vya kipindupindu vimekufa. Embe halikuchemka. Likiwa limeoshwa kwa maji ya ziwa au ya dimbwi, vijidudu vinakaa kwenye ganda, kisu kinavichukua, vinaingia katika nyama ya embe, na kutoka hapo vinaingia katika sahani ya mtoto. Kwa sababu hiyo osha embe zima, kabla ya kulikata, kwa maji ya bomba yaliyotiwa dawa ya klorini au yaliyochemka na kutokota kwa nguvu dakika moja. Osha kisu, ubao na mikono kwa sabuni. Kama sabuni imekwisha, tumia majivu. Embe lililokatwa tayari na kuachwa wazi sokoni usilinunue hata kama ni rahisi. Nunua zima.

KIPORO

Hapa tunajua tutapingwa, kwa sababu wali kiporo na chai ya rangi ni kifungua kinywa kinachopendwa na watu wengi. Sikiliza hata hivyo.

Mchele hutoka shambani ukiwa na kijidudu ambacho mbegu zake hazifi kwa kuchemshwa. Wali ukikaa vuguvugu, mbegu hizo huamka, huzaana, na hutoa sumu. Sumu hiyo haiondoki wali ukipashwa moto tena. Mtu akila hutapika ndani ya saa 1 mpaka 6, na mtoto mdogo aliyekwisha dhoofu anaweza kuishiwa maji haraka. Wali huu una tui na sukari, una unyevu mwingi kuliko wali wa kawaida, na hali ya joto ya ufukweni au ndani ya hema inawapa vijidudu kila wanachotaka. Bila friji, muda wake ni saa mbili baada ya kuepuliwa. Ukipika saa kumi jioni, ifikapo saa kumi na mbili kilichobaki kimwage. Inauma kumwaga chakula kambini, tunakiri. Dawa yake ni kupika kidogo: pima kwa idadi ya midomo iliyopo, siyo kwa ukubwa wa sufuria.

Wenye magenge ya chai wanaotaka kuuza chakula hiki wafuate saa hizo hizo. Pika sufuria ndogo mara mbili badala ya kubwa mara moja, weka juu ya makaa ili wali ubaki moto kabisa, na kata embe mbele ya mnunuzi. Katika kupanga bei hesabu kuni na sukari pia. Wengi huhesabu mchele na karanga tu, kisha hushangaa faida imekwenda wapi.

MAEMBE YAKIISHA

Maembe ya pwani yetu huja na mvua za kwanza, takriban kuanzia Oktoba au Novemba, na huwa mengi mpaka Januari hivi. Baada ya hapo tumia ndizi mbivu zilizokatwa vipande na kupashwa ndani ya tui dakika 3, au papai, ambalo nalo lina vitamini A nyingi. Nanasi ni tamu, lakini likikaa linatoa maji na kuufanya wali kuwa rojo, kwa hiyo liweke katika sahani wakati wa kula tu. Mchele ukikosekana, chenga za mahindi zilizolowekwa usiku mahali penye baridi, na kubadilishwa maji, zinapikika kwa tui lile lile, ingawa zinakula kuni mara mbili.

Maganda ya embe huita nzi. Yafukie katika shimo la taka au mpe mbuzi siku hiyo hiyo. Kokwa moja au mbili unaweza kupanda, lakini usikawie, maana kokwa la embe hupoteza uhai ndani ya wiki chache. Lioshe, lianike kivulini siku moja, pasua ganda gumu kwa uangalifu bila kuumiza mbegu iliyo ndani, na uifukie mbegu kwa kina cha vidole viwili, upande wenye mgongo ukiwa juu, karibu na mahali unapomwaga maji ya kuoshea vyombo. Huchipua baada ya wiki mbili au tatu. Uzungushie mche miiba mapema, kabla mbuzi wa jirani hajauona.